Mashine Iliyobaki Mwezi wa Tatu

Mwezi uliopita nilikwenda Kituntu kwenye harusi ya binti wa rafiki yangu. Nilikuwa nimekaa pembeni ya turubai, karibu na masufuria, mahali ninapopenda kukaa kwenye shughuli za watu, nikasikia mwanaume mmoja akitaniwa na meza nzima ya wenzake. "Deusi, kwako sasa hivi ni mwaka gani?" mmoja aliuliza, na mwingine akadakia, "Muulizeni kwanza kama sisi tumeshazaliwa!" Wakacheka mpaka wakagonga meza. Yule mwanaume naye alicheka, ila kwa kuchelewa kidogo, kama mtu anayelipa ushuru aliouzoea. Nilimtambua kwa kicheko hicho kabla sijaona uso. Nilijaribu kujificha nyuma ya mama mmoja mwenye kilemba kikubwa, lakini aliniona. "Adela! Unanikimbia mimi?" Nikamwamkia, "Shikamoo kaka Deusi," tukashikana mikono muda mrefu, maana hata zamani hatukuwa watu wa maneno mengi, mimi kwa aibu na yeye kwa kazi. Alipoondoka, yule mama mwenye kilemba akaniuliza utani ule una maana gani. Nilimwambia nitamweleza siku nyingine. Elimu yangu ni ya darasa la saba na jambo refu hunishinda kulitoa mdomoni mbele ya watu. Kuandika naweza, polepole, mstari mmoja leo na mwingine kesho. Kwa hiyo mama, kama utayaona haya, hili hapa jibu lako.

Mwaka ninaousimulia niliishi Nyakakika, nyumbani kwa Deusi na mkewe, Mama Joni. Nilitoka Kibingo kuja kufanya kazi dukani kwao. Duka lilikuwa chumba cha mbele cha nyumba ya matofali ya kuchoma, na juu ya mlango Deusi alikuwa ameandika kwa rangi nyekundu: PICHA, KUCHAPA, KOPI. Ukutani palining'inia pazia la buluu la kupigia picha za pasipoti, na mbele yake stuli moja iliyopungua mguu ikawekewa tofali. Pembeni ilikaa kompyuta. Mimi nililala chumba cha nyuma, pamoja na magunia ya kahawa iliyokauka na mikungu ya ndizi iliyofunikwa iive, na mpaka leo nikisikia harufu ya ndizi mbivu na kahawa kwa pamoja, vidole vyangu vinatafuta vitufe vya kuchapia. Mchana tulikula jikoni, sote kwenye sinia moja, ebitoke, yaani ndizi za kupika, na maharage, na msimu wa senene, wale panzi wa kuliwa, ukifika Mama Joni aliwakaanga mpaka wateja wakasahau walichofuata. Jikoni ndiko nilikojifunza mambo ya dukani, kwa sababu Deusi alikuwa mtu wa kufundisha kwa kuonyesha, na mkewe alikuwa mtu wa kuuliza yale ambayo mimi niliogopa kuuliza.

Kompyuta ile aliinunua kwa ofisi moja ya mjini iliyokuwa inabadilisha vyombo. Mafundi wetu huita mfumo wowote unaoendesha kompyuta windo, na kuuweka ndiyo kupiga windo. Windo ya mashine yetu ilikuwa ya toleo la zamani, ambalo hata waliolitengeneza walikuwa wameshaacha kulihudumia. Windo halali huuzwa pamoja na namba zake za siri. Ukiziingiza, mashine inajua umelipia, inatulia. Usipoziingiza inakupa wiki chache za kuonja, kisha inaanza kukusumbua. Yetu ilikuwa imepigwa na Fundi Rwego, kijana mwenye pikipiki aliyezunguka vituo vyote na flashi shingoni kama msalaba, na namba zake hakuna aliyezijua. Siku zangu za mwanzo ilikuwa inasumbua kweli. Kioo kiligeuka cheusi tupu, na pembeni chini yakatokea maneno ya Kiingereza. Wateja waliona weusi ule wakashusha sauti. "Imefiwa?" mzee mmoja aliuliza. "Imefiwa, babu," Deusi akajibu, "inaomboleza namba zake." Mimi nilitaka kujua maneno yale yanasema nini. Nilimuuliza siku duka likiwa tupu. "Yanasema hii windo si halali," alisema bila kugeuka. "Usiyasome. Ukiyasoma kila siku utaanza kuyaamini."

Fundi Rwego alikuwa na kitu walichokiita dawa. Ni programu ndogo inayoidanganya mashine kwamba namba zimeshaingizwa. Dawa ya kwanza ilifanya kazi kwa muda, kisha kinga ya virusi ikaigundua na kuifuta. Rwego akaja, akaizima kinga. Nilikuwa nafagia, nikajikuta nimesema kwa sauti, "Kama kinga inasema hicho ni kirusi, sisi tunajuaje kwamba sicho?" Rwego alinitazama kana kwamba ufagio ndio umeongea. "Kinga ni ya hao hao wenye windo," alisema. "Lazima iseme hivyo." Lilikuwa jibu la kuridhisha, na nililifikiria hadi jioni, maana sikuona pa kuanzia kulipinga, ila pia sikuona kwamba swali langu limejibiwa. Hata bila kinga dawa ile ilichoka, na hapo Rwego akaleta ujanja wa mwisho. Alirudisha tarehe ya kompyuta nyuma miaka kadhaa, kwenye mwezi wa tatu, akaipiga windo upya kutoka kwenye sidii yake, ili mashine iamini kwamba imezaliwa siku hiyo na bado iko ndani ya wiki zake za kuonja. Ikatulia. Weusi ukaondoka, wateja wakapandisha sauti tena. Wiki zile zilipokaribia kwisha, Deusi aliirudisha saa mwanzo wa mwezi wa tatu, na zikaanza upya.

Sheria ya kwanza dukani ikawa kutogusa saa. Sikuigusa, ila niliitazama sana. Nje kahawa ilivunwa ikaanikwa, mvua za vuli zikaja, watoto wakafunga shule wakafungua. Ndani ya mashine ilikuwa mwezi wa tatu, ukifika mwisho unaanza tena, wa mwaka ambao mimi nilikuwa bado nachunga mbuzi Kibingo. Nilijiuliza kama mashine inashangaa kuona watu wanaingia na nguo za baridi na kutoka na nguo za jua, ndani ya mwezi mmoja. Hasara nyingine tuliziona lakini hatukuziita hasara. Kurasa nyingi za mtandao zilikataa kufunguka, zikidai saa ya mashine haikubaliki, na waliotaka kujaza maombi ya serikali tuliwaelekeza mjini Kayanga. Barua Deusi aliziandika tarehe mwenyewe, akichapa namba moja moja. Picha hazikuwa na shida, kwa kuwa picha za kawaida haziandikwi tarehe. Ni wachache tu waliotaka.

Mmoja wa hao wachache alikuwa Ma Paskazia. Alikuwa mjane mwenye kibanja cha migomba na kahawa chini ya kilima, mwendo mfupi kutoka dukani, na alikuja akiwa amevaa gauni la kanisani ingawa haikuwa Jumapili. Alisema anataka kupigiwa picha mpaka wake. Ni lazima nieleze kidogo kwa wasio wa kwetu. Hapa mpaka wa kibanja huonyeshwa kwa milamula, mimea myembamba yenye majani marefu kama mikuki, inayopandwa kwa mstari kati ya jirani na jirani. Mulamula unaheshimiwa, lakini una udhaifu wake: ukikatwa kipande na kuchomekwa ardhini wakati wa mvua, unashika. Mtu mwenye nia mbaya anaweza kung'oa mstari mzima akaupanda ndani ya shamba la mwenzake, na misimu ikipita mgeni hawezi kujua kwamba ulihamishwa. Ma Paskazia alikuwa na jirani mmoja upande wa juu, Mzee Felisiani, mdogo wa marehemu mumewe. Tangu msiba alikuwa ameanza kusema msemo mmoja kila akilewa rubisi, kwamba kaka yake alikuwa amekaribishwa tu pale chini, na kwamba mpaka wa kweli uko ndani zaidi. "Hajagusa kitu," alituambia Ma Paskazia. "Anasema tu. Lakini mtu hasemi hivyo miezi yote bila kujiandaa."

Tulikwenda mchana, Deusi na kamera yake, mimi na mwavuli wa kuikinga. Ma Paskazia alitukaribisha kwanza ndani, kwenye chumba chenye majani makavu safi sakafuni, akatuletea kikapu kidogo cha kahawa za kutafuna, kama inavyompasa mgeni. Nilitafuna taratibu nikitazama picha ya mumewe ukutani, mtu mwenye masikio makubwa na tabasamu la upande mmoja. Kisha tukatoka. Kaburi la mumewe lilikuwa ndani ya kibanja, kama ilivyo kwetu, limesakafiwa kwa saruji na msalaba wa chuma, na milamula ilikuwa upande wake wa juu kilimani, mbali kiasi cha migomba kadhaa kutoka miguuni pa kaburi. Ma Paskazia alisimama kati ya kaburi na mstari, akashika shina la mulamula kama anayeshika mkono wa mtoto. Deusi alirudi nyuma, akasogea, akarudi tena, ili kaburi na mstari vyote viingie. Sauti ikatoka upande wa pili wa migomba: "Mnapiga picha za harusi huko?" Ma Paskazia hakugeuka. "Ndiyo, shemeji! Anatafutwa bwana harusi, njoo, ila uoge kwanza!" Kikasikika kicheko cha mtu ambaye hakutaka kucheka.

Dukani alisisitiza jambo moja. "Siku iandikwe kwenye picha. Wasije wakasema ni za zamani." Umeme ulikuwa unakatika na kurudi, na Deusi alikuwa anakimbizana nao. Akaweka alama kwenye kisanduku cha tarehe katika kioo cha kompyuta, akachapa nakala zote, akanirushia nizitie kwenye plastiki ya moto zisilowe. Namba za njano zilikaa kwenye pembe ya chini. Mimi macho yangu yalikuwa kwenye milamula. Sikuwahi kuiona kwenye picha, na nilishangaa jinsi ilivyoonekana imenyooka, kumbe ukisimama katikati yake inaonekana imepindapinda. Ma Paskazia alizipokea kwa mikono miwili akapiga goti kidogo. "Webale muno," alisema, asante sana, akaziweka kifuani ndani ya gauni.

Mvua kubwa zilipofika, mstari ulihama. Ma Paskazia alikwenda kumtembelea dada yake anayeumwa, na aliporudi milamula ilikuwa imesimama kwenye miguu ya kaburi, imewekewa majani mapya shinani, na kule ilikokuwa pamelimwa maharage. Hakulia wala hakupiga kelele. Alikwenda kwenye baraza la ardhi la kijiji, na siku ya kusikilizwa alimwomba Deusi aende kama mpiga picha. Nami nilikwenda, kwa sababu Deusi alitaka mtu wa kubeba kamera, ingawa nadhani alitaka tu mwenza. Ofisi ya kijiji ilijaa. Ma Paskazia alieleza kwa ufupi, akatoa picha moja kifuani, akaiweka mbele ya mwenyekiti wa baraza, mzee mpole aliyevaa koti kubwa kuliko yeye. Picha ikapita mikononi kwa wajumbe, vichwa vikatikisika kwa kukubali, na nilimwona Ma Paskazia analegeza mabega. Ikafika kwa Mzee Felisiani. Aliitazama, akaisogeza mbali na macho, akaisogeza karibu. Kisha akasimama.

"Waheshimiwa," alisema, "naomba mnisaidie, mimi macho yangu ni ya uzee. Hapa pembeni pameandikwa mwaka gani?" Mwenyekiti akasoma. Akasoma tena kimoyomoyo. Mzee Felisiani akageukia watu. "Mwaka huo kaka yangu alikuwa hai! Mwaka huo tulichoma naye majani ya kahawa pale pale! Sasa hili kaburi kwenye picha ni la nani? Au shemeji alimzika mume wake akiwa mzima, halafu akamfukua tukaendelea kunywa naye?" Watu waliangua kicheko, hata wale waliokuja kwa ajili ya mjane. Kisha kicheko kikageuka. "Picha za kompyuta hizo," mtu alisema nyuma. "Wanachukua kaburi huku, milamula kule, wanaunganisha." Ma Paskazia alisimama katikati ya vicheko akiwa ameshika meza. Hakusoma shule, alikuwa hajui namba zile za njano zimesema nini, akawa anamwangalia Deusi amwambie. Deusi alikuwa anaangalia viatu vyake. Mwenyekiti aliahirisha shauri, akamwambia Deusi alete picha yenyewe, ile iliyo ndani ya kamera, na maelezo.

Tulikuwa tumeshapita kisima Deusi aliposimama njiani. "Mwezi wa tatu," alisema. "Mwezi wa tatu ule mjinga." Kadi ya kamera alishaifuta zamani kupisha picha za kipaimara. Zilizobaki ni nakala zilizo ndani ya kompyuta, pamoja na kila picha na kila barua tuliyowahi kufanya. Aliona suluhisho jepesi: aiweke saa ya leo, achape upya, aonyeshe kwamba namba zile hufuata saa ya mashine. Alipoiweka saa ya leo mashine iligundua kwamba wiki za kuonja zilikwisha zamani. Weusi ukarudi, na mashine ikawa inajizima kabla kazi haijamalizika. Akamwita Rwego. Rwego alifika na flashi yake, akasema kuna dawa mpya, kali, ameipata kwa mwenzake, naye aliipata mtandaoni. "Hii haitaki hata kudanganya saa," alisema. Akaichomeka, mashine ikauliza maswali, yeye akajibu ndiyo, ndiyo, ndiyo, bila kuyasoma. Nilisimama nyuma yao. Taa ndogo ya mashine iliwaka bila kupumzika. Kwenye kioo nikaona majina ya picha zetu yanabadilika moja baada ya jingine, kila jina likiota mkia wa herufi nisizozijua. "Inafanya nini?" niliuliza. "Inajipanga," Rwego alisema. Nilitazama ikijipanga mpaka majina yote yakaisha. Deusi alipobonyeza picha ya kaburi, haikufunguka. Akabonyeza ya kipaimara, haikufunguka. Ikatokea karatasi katikati ya kioo, ya Kiingereza, na Deusi aliisoma polepole, mdomo ukisogea: kwamba mafaili yetu yamefungwa, na tukitaka yafunguliwe tulipe kwa pesa za mtandaoni ambazo hatujawahi kuzisikia. Rwego alichomoa flashi yake haraka, akaitazama kama nyoka, na wiki hiyo nasikia alizunguka kuwaonya wateja wake wote. Kwa hilo namsifu. Wengi walishachelewa.

Nimefikiri sana tangu siku ile kuhusu dawa ya namna hiyo. Mtu anayetengeneza kitu cha kudanganya mashine anakitengeneza bure, anakiacha barabarani, na hatumjui, wala hatumuulizi anapata nini. Mlinzi, yaani kinga, tunamfukuza wenyewe ili kitu chake kipite. Na mashine ya toleo la zamani, isiyohudumiwa tena, haina mtu wa kuiziba matundu. Leo ninauza vocha na kuchapa karatasi chache kwenye kibanda changu Kibingo, na vijana hunicheka kwa kukataa flashi zao. Wacheke tu. Lakini siku ile sikuwa na mawazo hayo. Nilikuwa nafikiria masikio makubwa ya mtu aliyekuwa ukutani kwa Ma Paskazia, na kwamba sasa kaburi lake lingebaki ukingoni kabisa mwa shamba la ndugu anayemcheka.

Mchana uliofuata, kwenye sinia, Mama Joni alimega kitoke akakishikilia bila kula. "Utakwenda kusema?" alimuuliza mumewe. Deusi alisema hana cha kusema, picha zimekufa. "Nauliza utasema kuhusu saa?" Deusi alinawa mikono kabla hajashiba. "Nikisema kwamba mashine yangu ilikuwa inadanganywa, nani ataleta kazi hapa? Mwalimu mkuu ataleta mitihani? Padre ataleta vyeti? Watasema kila karatasi yangu ni ya uongo." Mama Joni alisema, "Na yule mama ataitwa nani?" "Ataitwa mwongo," mkewe akajijibu. "Yeye aliyekulipa aandikiwe siku ya kweli." Akala kitoke chake. Mimi nilitazama maharage. Deusi alitoka nje, akasimama kwenye migomba muda mrefu, akarudi kuchukua koti.

Siku ya shauri alizungumza akiwa amesimama wima kama anayesoma somo kanisani. Alieleza windo, namba, wiki za kuonja, na mwezi wa tatu unaorudi. Wengi hawakuelewa. Mwenyekiti alijaribu kusaidia: "Kwa hiyo, Deusi, kompyuta yako inadanganya?" "Hapana, waitu," alisema, kwa neno letu la heshima. "Mimi ndiye niliyeidanganya, nayo ikawadanganya ninyi." Mzee Felisiani alisema huo ni ushahidi wa rafiki. Hapo mjumbe mmoja wa baraza, Ma Generoza, mama mnene aliyekuwa anasuka ukili muda wote, aliinua mkono. "Ngojeni. Mjukuu wangu alipobatizwa, picha tulichapisha kwa Deusi. Nilimwambia aweke tarehe." Nyumba yake ilikuwa jirani. Alikwenda mwenyewe, akarudi anahema, na picha imefungwa kwenye kitenge. Mwenyekiti alisoma namba za njano, akavua miwani. Ma Generoza alimnyang'anya picha akaiinua juu watu waone. "Mtoto huyu ana meno mawili sasa hivi! Hapa inasema alibatizwa mama yake akiwa darasa la tano!" Safari hii kicheko kilikuwa cha aina nyingine. Mtu akakumbuka picha yake ya bucha mpya, mwingine ya ng'ombe aliyemnunua. Ilikuwa kana kwamba nusu ya kijiji imefanya mambo yake yote mwezi wa tatu mmoja.

Mzee Felisiani hakucheka. "Saa ni mbovu, nimekubali," alisema. "Haionyeshi mpaka ulikuwa wapi." Mwenyekiti alisema hapo amesema kweli, na kwamba tutakwenda kuuliza ardhi yenyewe. Tulishuka wote kilimani. Mwenyekiti aliishika ile picha mbele yake, akamwambia Deusi asimame pale aliposimama siku ile, mpaka msalaba wa chuma na mparachichi wa nyuma yake vikae kama vilivyokaa kwenye picha. Kisha akaonyesha kidole kwenye maharage. Vijana walichimba. Wakakuta mizizi minene ya rangi ya machungwa, imekatwa kwa panga, inaanza kuoza, mmoja, wa pili, wa tatu, kwa mstari. Ma Generoza alikwenda miguuni pa kaburi, akashika mulamula mmoja mpya, akauvuta kwa mkono mmoja. Ukatoka na vizizi kama nyuzi. "Mvua imelainisha udongo," Mzee Felisiani alisema. "Mvua gani," Ma Generoza akauliza, "inayolainisha upande wa mjane tu?"

Deusi alipoteza wateja, kama alivyoogopa. Mwalimu mkuu alihamisha mitihani, na duka lilifungwa miezi mingi. Baadaye kijana mmoja wa Kayanga alimwekea mfumo mwingine, wa bure kihalali, usiodai namba wala dawa, na polepole watu wakarudi, pamoja na utani wao. Picha za mwaka ule hazikurudi. Kuna maharusi ambao hawana hata moja, na wapo wanaomkumbusha mpaka leo.

Lakini jambo ninalolikumbuka zaidi ni kupandwa upya kwa mpaka, baada ya baraza kuamua urudishwe pale pale. Mulamula haupandwi na mtu mmoja. Pande zote mbili hushika shina, na waliosimama pale husema majina yao na walichokiona, ili siku moja waulizwe. Mzee Felisiani alishika upande wake, ameinamisha uso. Ma Paskazia alishika wake. Wajumbe wakasema, majirani wakasema, Deusi akasema. Kisha Ma Paskazia akanitazama. "Na wewe, mwanangu." Nikamwambia mimi si wa hapa, ni wa Kibingo, naishi tu kwa watu. "Ndiyo maana," alisema. "Wa hapa watasemwa wamenyweshwa rubisi." Watu waligeuka wote. Nilisema jina langu kwa sauti ambayo hata mimi sikuisikia vizuri.

"Huyo hajasema kitu," Mzee Felisiani alisema, bila kuinua uso.

Nikavuta pumzi. Nikasema tena, kwa nguvu mpaka ng'ombe upande wa chini wakanyanyua vichwa: naitwa Adela, natoka Kibingo, nimeuona mpaka, uko hapa, na kaburi liko upande wa mama huyu.

Mzee alilinyoosha shina mkononi. "Sasa nimesikia," alisema, akainama, akaushindilia udongo kwa kisigino chake upande aliokuwa amesimama.